Kanisa Lililokosa Maiti

Wiki hiyo yote Mzee Kiarie alikuwa anatafuta maiti.

Si kwamba alikuwa na ubaya na mtu. Alitaka tu maiti moja ya heshima, ya mtu mzima aliyekufa kifo cha kawaida, na familia ikubali kumleta Jumamosi asubuhi kwa kanisa la kumbukumbu. Akikosa, Walter atashuka kwa ndege na wageni wake, atakuta kanisa halijawahi kutumika hata siku moja, na mtaa mzima wa Mowlem utajua mwenyekiti wao ni mwongo. Uenyekiti ungeishia hapo. Na Kiarie bila uenyekiti alikuwa nani? Mzee mwingine tu mwenye kofia.

Kanisa lenyewe lilikuwa limesimama kwa ule msitu ulio kati ya mtaa na mto. Kuuita msitu ni kuupa heshima. Ni mikaratusi na migrevilea iliyoponea wanyakuzi wa ardhi kwa sababu chini kuna kinamasi, na mnyakuzi mwenye akili hanyakui matope. Walter alizaliwa hapo Mowlem, akaenda ng'ambo kusomea kuchora majengo, akabaki huko kwa baridi. Huko ndiko aliona watu wakiwakumbuka wafu wao kwa vikanisa vidogo katikati ya miti, kimya, bila haraka, na roho ikamwambia watu wa kwao pia wanahitaji kitu kama hicho. Hakuna mtu wa kwao aliulizwa. Shirika moja la huko likatoa pesa, na michoro ya Walter ikatumwa kwa simu ya Kiarie.

Kamati ya mtaa iliizunguka hiyo simu kama watoto wamezunguka nyoka. Kwa mchoro kulikuwa na ukungu. Kulikuwa na mama mmoja mweupe, mwembamba, amejifunga skafu, anatembea peke yake na mbwa.

"Huyu naye ni nani?" akauliza mweka hazina.

"Ni mfiwa," Kiarie akasema, ingawa hata yeye alikuwa anakisia.

"Mfiwa yuko pekee yake? Kwani hana watu?"

Jengo lilipoisha, mtaa ulidhani halijaisha. Ukuta ulikuwa simiti tupu, alama za mbao za mafundi bado zinaonekana, bila plasta, bila rangi. Kila aliyepita aliuliza kama pesa ilikuliwa. Kiarie alijitolea kupaka krimu juu na maruni chini, ile rangi ya zahanati zote za nchi hii, na Walter huko kwa simu karibu alie. Paa lilianza chini sana hapo mlangoni, mpaka mtu mrefu ainame, halafu likapanda, likapanda, hadi mbele likawa juu kama mtu aliyeinua uso. Mbele hakukuwa na ukuta. Kulikuwa na kioo kizima kizima, unakaa unaangaliana na mikaratusi. Kwa paa waliacha ufa mwembamba, na asubuhi jua likipita hapo linaanguka moja kwa moja kwa jiwe la kuwekea jeneza. Viti vilikuwa mabenchi yasiyo na mgongo. Njia ya kokoto ya kuingilia ilipinda pinda katikati ya miti kama imelewa, na ingeweza kunyooka tu. Ukuta wa nyuma nao ulikuwa umejikunja kama ndani ya chungu, na Walter alikataa kabisa kueleza kwa nini. Alisema watu watajua wenyewe siku watakapolitumia.

Soketi ya stima haikuwepo hata moja.

"Hapa maiki haihitajiki," Walter alisema.

"Msiba bila maiki?" Kiarie akauliza. "Sasa mheshimiwa akija ataongea na nini?"

"Na mdomo, mzee."

Basi likafunguliwa, likangoja. Wenye asili ya Kakamega na Vihiga walisema wao msiba ni nyumbani, basi inapakia mochari na kunyoosha barabara, hakuna kuingia vichakani. Wa Murang'a na Nyeri walisema hawana neno, mradi familia nyingine itangulie. Nani atakubali marehemu wake awe wa kwanza kulala kwa nyumba mpya? Nyumba ya msiba ikifunguliwa na mtu wako, itazoea mlango wako. Kwa hivyo kila mtu alimngoja mwenzake afe. Kamati ikaona ni upuzi kuacha nyumba nzuri bure, ikaweka humo tenti na viti vya plastiki vya kukodisha.

Na Walter akiuliza kwa simu, "Mzee, inatumika?" Kiarie alijibu kwa sauti nzito ya mwenyekiti, "Inatumika sana, kijana wangu. Hata tunapanga laini." Walter akafurahi, akawaambia watu wa shirika, watu wa shirika wakasema lazima wajionee. Jumamosi.

Ndiyo maana Kiarie akawa anazunguka Mowlem na mtaa jirani wa Umoja akiuliza hali za wagonjwa. Watu walianza kumtoroka. Mama mmoja alimwona akiingia ploti, akamfunika mtoto mwenye homa kwa kanga na kufunga mlango. Hata kwa duka la Salad alifika, akaegemea kaunta akiwa na huzuni ya uongo.

"Salad, ndugu yangu, kwenu hakuna mgonjwa?"

"Wallahi tuko wazima, mzee. Na hata kama mtu angekufa, sisi Waislamu mtu akienda asubuhi, saa kumi tumemaliza kuzika tumerudi dukani. Hatuna wakati wa kuangalia miti." Salad akamwangalia vizuri. "Lakini wewe mwenyewe umekonda. Uko sawa?"

Kiarie akaondoka haraka. Alikuwa ameona vile Salad anampima.

Akabaki Mama Asenath.

Mama Asenath alikuwa bibi mzee wa Vihiga aliyekaa Mowlem tangu nyumba zake zikiwa bado na harufu ya rangi, na kila mtaa una mtu kama huyo, aliyehudhuria misiba yote na hakusahau hata mmoja. Mwezi huo kifua kilikuwa kimemlaza. Kiarie alimpelekea machungwa. Kesho yake akapeleka supu ya kuku. Siku ya tatu akampelekea blanketi, akakaa kando ya kitanda na kofia mkononi.

"Mama, leo unajisikiaje?"

"Afadhali kuliko jana."

"Aah," Kiarie akasema, na ile "aah" ikashuka chini kuliko alivyokusudia.

Mama Asenath akafungua jicho moja. "Kiarie, mara ya mwisho uliniletea kitu cha kula ilikuwa wakati wa kura. Sasa hii supu unatafuta nini nayo?"

"Mama, ni upendo tu wa jirani."

"Upendo gani unaniangalia kutoka kichwa mpaka miguu kama fundi wa majeneza? Sema."

Kiarie akasema. Alizunguka kidogo, akataja maendeleo, akataja wageni, lakini mwishowe akasema. Mama Asenath alicheka mpaka kile kifua kikafunguka, akakohoa vitu vyote vilivyokuwa vimemsumbua, akaketi kitandani mwenyewe bila kushikwa.

"Ngai," Kiarie akanong'ona. "Amepona."

Usiku huo nyumbani hakula. Mkewe Wangeci alimsogezea sahani mara mbili, akaiondoa.

"Baba Jacky, mpigie huyo kijana umwambie ukweli. Uongo ni kama kuku wa kufuga, unarudi kulala kwako."

"Nimwambie nini? Ati watu wa Mowlem wamekataa kufa?"

"Mwambie wanakufa vizuri tu, ila hawataki miti yake."

Lakini Kiarie hakuwa mtu wa kurudi nyuma. Kulipokucha alikuwa na mpango. Kama maiti haipatikani, msiba unapatikana. Wageni wataona jeneza, nani atafungua? Bedan, fundi wa majeneza, alikubali kumwazima moja la kuonyeshea wateja. Pasta Shiundu alikubali kuongoza ibada bila kuuliza mengi. "Mimi nahubiria walio hai," alisema. "Aliye ndani ya sanduku ni kati ya Mungu na kamati." Jina la marehemu Kiarie alilitunga akinywa chai: Mzee Gordon Wekulo, aliyelala baada ya kuugua kwa muda mfupi. Alichagua Wekulo kwa sababu watu wa Magharibi hawakosi Wekulo, na mtu akiuliza utasema ni yule mwingine.

Shida ilitoka kwa vijana wa kubeba. Walipojua jeneza ni tupu, wakaliweka chini kama limewaunguza.

"Hiyo zii, mzae," mmoja akasema. "Jeneza tupu hatubebi. Hiyo inaita mtu."

"Inaita nani?"

"Si yule mwenye ameibeba!"

Wangeci pia alikataa lisipite mbele ya nyumba yake. Kiarie mwenyewe, akifikiria vizuri, aliona haipendi hiyo kitu. Mtu aliyeliazima jeneza ndiye jina lake linajulikana zaidi na hilo jeneza. Akarudi kwa Mama Asenath, ambaye sasa alikuwa nje anaanika nguo.

"Kwetu," Mama Asenath akasema, kibanio cha nguo mdomoni, "mtu akipotelea mbali na mwili usipatikane, tunalaza mgomba. Unakata shina la mgomba, unalivisha shuka, unalilaza kama mtu. Jeneza linatulia. Linajua limepata wake."

"Mgomba?"

"Mgomba. Lakini si wa kukatwa leo. Ukate, uuache usimame juani ukauke kidogo. Umenisikia?"

"Nimesikia, Mama."

Alisikia nusu. Nzivo, yule analima sukuma na ndizi kando ya mto, alikuwa na mgomba uliokwisha zaa, mnono kama mlinzi wa benki. Kiarie alifika kwake Jumamosi alfajiri. Wakaukata, wakaufunga shuka nyeupe, wakaulaza kwa jeneza, wakafunika. Vijana walinyanyua, wakayumba.

"Eh! Huyu Wekulo alikuwa mtu wa kula," mmoja akasema, na roho zao zikatulia. Jeneza lenye uzito halina maneno.

Tenti na viti vya kukodisha vilikuwa vimetolewa usiku, na watu walijaa. Hakuna aliyemjua marehemu, lakini msiba ni msiba, na wengine walitaka tu kuona huko ndani kukoje sasa mtu mwingine ametangulia. Akina mama wa kanisa walikuja na leso zao. Wanaume wakajipanga nyuma, mahali pao pa siku zote, pale mtu anaweza kusema neno pembeni wakati mbele kunaombwa. Kwa msiba wa Mowlem, mbele ndiko marehemu anasifiwa, nyuma ndiko anajulikana.

Walter alishuka kwa gari na wageni wanne, amevaa nguo nyeusi za bei, kichwa kimeanza upara, na furaha imemjaa usoni. Aliwaona vijana, akanyanyua mikono.

"Niaje mabeshte! Mko poa kichizi kama ndizi?"

Kiarie alishtuka hadi kofia ikaanguka. Vijana wakaangaliana.

"Huyu buda hiyo Sheng aliitoa kwa makumbusho?" mmoja akauliza.

Wakabeba jeneza kwa ile njia ya kokoto. Kila kona walilaani kidogo. Walter aliwaeleza wageni kwamba njia imepindwa makusudi, ili mfiwa atembee polepole na huzuni yake. Wageni wakatikisa vichwa kwa heshima. Mbele yao vijana walikuwa wanasema, "Geuka kulia! Si kulia hiyo, kulia yangu! Manze nani alichora hii kitu?"

Wakainama mlangoni, wakaingia, na paa likapanda juu yao. Lazima isemwe ukweli: watu walinyamaza. Kioo kilikuwa kimejaa majani. Jua lilipita kwa ule ufa, likaanguka kwa jiwe, na jeneza lilipowekwa hapo likang'aa kama limechaguliwa. Hata Kiarie alihisi kitu kifuani, akasahau kwa dakika moja kwamba anamlilia mgomba.

Pasta Shiundu akafungua Biblia. "Ndugu zangu, tumekuja kumsindikiza mpendwa wetu, Mzee Gordon Wekulo, mtu wa watu…"

"Huyu alikuwa anakaa upande gani?"

Sauti haikuwa kubwa. Ilikuwa ni mnong'ono wa mtu wa nyuma kabisa, mdomo kwenye sikio la mwenzake. Lakini ule ukuta uliojikunja kama chungu uliuchukua, ukaupandisha kwa paa, ukauleta mbele ukiwa mzima, kama mtu amekunong'onezea wewe. Kanisa lote likasikia. Walter akafumba macho akitabasamu.

Pasta alisita, akaendelea. "…mtu wa watu, aliyempenda mkewe…"

"Mke gani? Nasikia alikuwa na wawili."

"Watatu. Mmoja yuko Kariokor, anauza viatu vya akala."

Shingo zote za mbele zikageuka. Wale wa nyuma hawakujua ni wao. Wao walikuwa wananong'ona tu, kama walivyonong'ona kwa misiba yote, na wakafikiri watu wanageuka kuangalia mlango.

"Ndiyo huyo! Alikuwa na pikipiki nyekundu."

"Sasa nimemkumbuka. Hata alinisaidia siku moja Muthurwa, Mungu amrehemu."

Mama mmoja mbele, aliyempoteza Wekulo wake miaka mingi iliyopita, akapasuka kilio cha kweli. Kiarie alitazama haya yote na jasho likimtiririka mgongoni. Mtu aliyemtunga akinywa chai alikuwa sasa na wake watatu na pikipiki. Hata hivyo, msiba ulikuwa unaenda. Wageni walikuwa wanafuta macho. Kidogo tu, ibada iishe, jeneza litoke, na uenyekiti wake ubaki.

Tip.

Pasta akaacha kusoma.

Tip. Tip.

"Ni mvua?" mnong'ono wa kushoto.

"Mvua gani na hili jua?"

Watu wakafuata sauti na macho. Chini ya jeneza, pale jua lilipoangaza vizuri kuliko mahali pengine popote humo ndani, palikuwa na kidimbwi. Tone likajivuta kwa mbao, likanenepa, likaanguka. Ule ukuta ukalipokea, ukalizungusha, ukalirudisha kwa kila sikio.

"Ngai mwathani," mnong'ono ukasema. "Marehemu anavuja."

Mabenchi ya mbele yakarudi nyuma kwa pamoja. Aliyekuwa analia akanyamaza katikati ya kilio. Na kutoka benchi la mwisho, kwa sauti ya chini ya mtu anayejiongelea, Mama Asenath akasema, "Nilimwambia akaushe mgomba kwanza. Huyu mtoto hasikii."

Hakukuwa na mtu humo ndani ambaye hakusikia. Mgomba. Neno lilipanda juu kwa paa, likateremka, likakaa kwa jiwe.

"Bwana," Pasta Shiundu akamnong'oneza Mungu, uso ndani ya Biblia, "mimi niliambiwa tu nije." Na hiyo pia ikasikika.

Kiarie alifanya kile mtu hufanya akibanwa. Alijifunika mdomo kwa kofia, akainamia sikio la mkewe. "Wangeci, nifanye nini? Wameshajua?"

Kofia haikusaidia kitu. "Wameshajua," watu kadhaa wakamjibu.

Wangeci naye akanong'ona, hata hakujisumbua kujificha. "Simama useme ukweli, Baba Jacky. Hata kama ni mara ya kwanza."

Mtu mmoja akacheka kwa pua, na kanisa likamrudishia.

Kiarie akasimama. Akaenda mbele, viatu vyake vikipiga kelele kuliko alivyotaka, akasimama kando ya kidimbwi. Maisha yake yote alikuwa ameongea kwa maiki. Alijua kukohoa kwa maiki, kuigonga, kuuliza kama nyuma wanasikia. Leo aliangalia nyuma, akajua wanasikia hata pumzi yake.

"Hakuna Gordon Wekulo," akasema. "Nilimtunga. Humo ndani ni mgomba wa Nzivo. Hili kanisa halijawahi kuingia maiti tangu lijengwe. Tuliweka viti humu. Walter, nilikudanganya kwa sababu… kwa sababu ulikuwa na furaha, na mimi nilikuwa mwenyekiti."

Akangoja kupigwa na jiwe, au angalau na neno. Walter alisimama polepole. Alimpita Kiarie, akawapita watu wote, akaenda mpaka ukuta wa nyuma, akaupapasa kama mtu anapapasa ng'ombe aliyeshinda maonyesho.

"Mmesikia?" akauliza, machozi yakimtoka. "Mnong'ono umefika mpaka mbele! Kila mmoja! Hata tone! Kwa hesabu zangu ilikuwa ifike nusu tu!"

Watu wakaangaliana. Walikuwa wamejiandaa kwa hasira, sasa wakawa na hasira isiyo na kazi.

Wageni waliuliza nini kimetokea, na Walter akawatafsiria vile aliweza. Aliposema ndani ya jeneza kuna mti, mmoja wao, mzee wa ndevu nyeupe, aliweka mkono kifuani. Akasema hajawahi kuona kitu kizito namna hii: watu wa msituni wanaulilia mti, ndani ya msitu, na mti unatoa machozi. Akaomba ruhusa ya kupiga picha kidimbwi. Nzivo akajitokeza asimame kando, kwa kuwa mgomba ulikuwa wake.

"Sasa mwenyekiti tunabadilisha ama?" mnong'ono ukatoka katikati.

"Lazima. Mwongo hivi?"

"Basi nani achukue?"

"Wewe?"

"Mimi? Niwe wa kutafutia hii nyumba maiti? Zii."

"Basi mweka hazina."

"Nitoeni hapo," mweka hazina akanong'ona.

Hivyo ndivyo Kiarie alibaki mwenyekiti, bila kura, mbele ya watu wote, kwa sababu hakuna mwingine aliyetaka. Hajawahi kuaibika namna hiyo. Alitamani angefutwa.

Halafu jamaa mmoja wa nyuma akaongea kwa sauti kabisa, kwa kuwa kunong'ona kulikuwa hakuna maana tena. "Walter, kijana wetu, nyumba ni nzuri. Lakini msiba haufanyiki hapa, tuelewane. Mtu akifa lazima tumwongelee kidogo. Kama hakuna kunong'ona, huo si msiba, ni baraza la chifu."

"Kweli kabisa!" wakaitikia. Wakaanza kuinuka, wakinyoosha migongo iliyochoka na yale mabenchi. Furaha ya Walter ikamtoka polepole usoni, akasimama pale kando ya ukuta wake, mtu mwenye upara aliyejengea watu wake kitu wasichokitaka. Kiarie akamwona, na kwa mara ya kwanza wiki hiyo akamhurumia mtu mwingine asiyekuwa yeye.

"Kaeni chini," Mama Asenath akasema.

Hakupaza sauti. Hakukuwa na haja. Wakakaa.

"Mimi nimezika watu wengi wa huu mtaa. Kila msiba nimekaa nyuma na nyinyi, na mbele maiki inalia piii, na mheshimiwa anasema uongo, na sijawahi kusikia mtu akisema jambo moja la ukweli juu ya aliyelala. Ukweli wote mnaumaliza huku nyuma." Akawaangalia mmoja mmoja. "Nikifa, mwili utaenda Vihiga, kando ya mzee wangu, hiyo haina mjadala. Lakini kabla ya basi, nileteni hapa kwanza. Mniweke kwa hilo jiwe. Halafu mninong'one. Nataka kusikia mnasema nini."

Watu walikuwa wanapitia, kila mmoja kwa kichwa chake, yale wamewahi kusema juu ya Mama Asenath.

Kiarie akajikuta ameinua mkono kama mtoto wa shule. "Mama… kwa hivyo tukuandike? Wa kwanza?"

"Niandike. Sina mlango wa kuzoewa, nakaa pekee yangu. Lakini usiniulize lini."

"Siulizi, Mama."

"Na usinipime na macho."

"Sikupimi."

"Na wewe Walter." Mama Asenath akagonga benchi kwa kiganja. "Wale watanililia wana migongo. Hii kitu uiwekee pa kuegemea."

Walter akafungua mdomo. Kila mtu aliona vile maneno yalivyompanda: mstari, mwanga, sijui usafi wa umbo. "Lakini mama, lile benchi, likiwekwa mgongo, ule mwonekano wote…"

"Ule mwonekano nini?"

Walter akatazama kioo, akatazama paa, akamtazama yule bibi. "Nitaweka," akasema kwa sauti ndogo, na wote wakasikia kwamba inamuuma.

Ibada ikaisha hivyo, kwa kuwa hakukuwa na wa kuzika. Watu walitoka wakiinama mlangoni, wakashika ile njia ya kokoto, kona baada ya kona, katikati ya mikaratusi. Hakuna aliyesema neno. Mtu alikohoa, akajiangalia kama amefanya makosa. Hata vijana waliobeba jeneza la Bedan walipita kimya, na wageni wakaandika kwamba ni heshima kubwa ya wenyeji kwa wafu.

Walitembea hivyo mpaka lami. Mguu wa kwanza ulipokanyaga lami, midomo yote ikafunguka pamoja, na kelele ikasikika mpaka Umoja.

Kiarie alibaki ndani na Wangeci. Alikuwa ameshika tambara, anapangusa kidimbwi. Mkewe alikaa benchi la mwisho, umbali wote wa kanisa kati yao, akamwangalia vile anavyopiga magoti.

"Wewe," Wangeci akasema kwa pumzi tu, "ukifa nitasema mengi humu."

Kiarie akaendelea kupangusa. "Sema saa hii," akanong'ona. "Nakusikia."